UZI: Hipparchus alivyokokotoa njia ya Jua kwa namba mbili tu, siku 94½ na siku 92½

Mpimakivuli:

Wakuu, kila falaki ya Wagiriki wa kale ikiletwa jukwaani, mjadala huishia kwa Eratosthenes na kisima cha Syene, au kwa kicheko kwamba "hao jamaa walidhani Jua linaizunguka Dunia". Leo naweka hesabu yenyewe mezani. Ni ya Hipparchus, aliyefanya kazi Rhodes karne ya 2 KK, na tunayo kwa sababu Ptolemy wa Alexandria aliirudia katika kitabu cha tatu cha Almagest, mnamo 150 BK hivi. Mwenye kikokotoo cha simu anaifuata mwanzo hadi mwisho.

Tatizo lilikuwa hili. Jua likienda kwa mwendo usiobadilika kwenye duara ambalo Dunia iko katikati yake, majira manne lazima yalingane: siku 91.3 kila moja. Hayalingani. Euctemon wa Athens, karne ya 5 KK, alitoa siku 93 kwa machipuko, 90 kwa kiangazi, 90 kwa mapukutiko na 92 kwa baridi. Miaka mia moja baadaye Callippus akaja na 94, 92, 89 na 90. Hipparchus akanoa zaidi: kutoka ikwinoksi ya Machi (mchana na usiku vikiwa sawa) hadi solstisi ya Juni (Jua likiwa kaskazini kabisa) siku 94½, kutoka hapo hadi ikwinoksi ya Septemba siku 92½.

Alichofanya ni kuliacha duara liwe duara na mwendo ubaki ule ule, ila akaitoa Dunia katikati. Kilichobaki ni kujua: imetolewa kwa kiasi gani, na kuelekea wapi?

1. Mwendo wa wastani. Mwaka wake ni siku 365 na robo, kasoro 1/300 ya siku, yaani 365.24667. Gawa 360 kwa hiyo, unapata digrii 0.98563 kwa siku.

2. Geuza siku kuwa digrii za duara la Jua. Machipuko: 94.5 × 0.98563 = 93.14. Kiangazi: 92.5 × 0.98563 = 91.17. Jumla 184.31.

3. Sisi tulio Duniani tunaona Jua limepita nusu kamili ya anga, digrii 180, kati ya ikwinoksi mbili. Kwenye duara lake lenyewe limepita 184.31. Kwa hiyo mstari wa ikwinoksi, unaopita kwenye Dunia, haupiti kwenye kitovu cha duara. Ziada ni 4.31, na nusu yake iko kila upande: 2.155. Sini ya 2.155 ni 0.0376. Kitovu kimesogea 0.0376 ya nusu kipenyo kuelekea upande wa solstisi ya Juni.

4. Machipuko peke yake ni 93.14. Toa 90, toa tena ile 2.155, inabaki 0.986. Sini yake ni 0.0172. Kitovu kimesogea pia 0.0172 kuelekea upande wa ikwinoksi ya Machi.

5. Sasa una pembetatu mraba. Kwa kanuni ya Pythagoras unapata 0.0414, karibu 1/24. Mwelekeo: 0.0376 kwa 0.0172 ni tanjenti ya digrii 65.4. Wao waliandika 65½, yaani digrii 5½ ndani ya buruji la Jauza (Mapacha), linaloanzia digrii 60. Hapo, penye jina la apojia, ndipo Jua liko mbali zaidi na Dunia, na ndipo linaonekana kwenda polepole zaidi.

Hakuwa na sini. Alitumia jedwali la nyuzi za duara (mistari iliyonyooka inayounganisha nukta mbili za duara), lakini njia ni ile ile.

Bint_Zohali:

Nashukuru mkuu, imenyooka. Nakazia kitu kimoja ambacho wengi hukiruka: majira mawili yaliyobaki hayakupimwa, yalitoka kwenye hesabu. Mapukutiko ni 90 − 2.155 − 0.986 = digrii 86.86. Gawa kwa 0.98563, ni siku 88.13. Baridi ni 90 − 2.155 + 0.986 = 88.83, siku 90.13. Ptolemy ameandika 88⅛ na 90⅛. Kwa hiyo anayesoma kwamba "Wagiriki walipima urefu wa majira manne" ajue kwamba hapa vilipimwa vipande viwili tu na mwaka mzima.

Kaka_Buruji:

Swali la kiufundi. Vipimo vya wakati ule vilikuwa na makosa ya robo siku hadi nusu siku. Je, jibu linahimili? Isije ikawa 65½ ni bahati.

Mpimakivuli:

Swali zuri, na jibu lina pande mbili. Rudia hatua zile zile ukibadilisha namba.

Chukua kwanza kosa kwenye jumla. Badala ya siku 187 kati ya ikwinoksi mbili weka 186.5, yaani 94.25 na 92.25. Unapata karibu 1/27, mwelekeo digrii 63. Umbali umepungua sana, mwelekeo haukuyumba.

Sasa acha jumla ibaki 187, ila kosea solstisi kwa nusu siku: 95 na 92. Unapata 1/22, na mwelekeo unaanguka hadi 55½. Kosea siku nzima, 95.5 na 91.5, unapata karibu 1/20 na digrii 47½. Kosa la siku moja kwenye solstisi limehamisha apojia kwa digrii 18!

Na solstisi ndiyo ngumu kuliko zote kupima. Siku ya ikwinoksi Jua huhama kaskazini au kusini kwa dakika za tao 24 kwa siku (dakika ya tao ni 1/60 ya digrii, sekunde ya tao ni 1/60 ya dakika hiyo), karibu dakika moja kwa saa. Chombo chenye kosa la dakika 6 kinakupa kosa la robo siku, basi. Siku moja kabla au baada ya solstisi Jua limeachana na kilele chake kwa sekunde 13 tu hivi za tao. Hakuna kijiti cha kivuli wala pete ya shaba iliyoweza kuona hilo.

Dawa ilikuwa kutoipima solstisi yenyewe. Unapima kivuli cha adhuhuri siku kadhaa kabla, kwa mfano 40, Jua likiwa bado linahama kwa kasi inayoonekana. Unasubiri upande wa pili hadi kivuli kirudi urefu ule ule, kisha unachukua siku ya katikati. Kosa dogo linabaki, kwa sababu Jua haliendi kwa kasi moja pande zote mbili, lakini ni afadhali mara nyingi kuliko kukikodolea macho kivuli kisichosogea.

FundiPete:

Naongezea upande wa vyombo, maana namba zote hizo zinasimama juu ya shaba.

Ikwinoksi ilipimwa kwa pete ya ikweta. Ni pete moja, haina sehemu inayozunguka, imefungwa ikiwa imelala sawasawa na bapa la ikweta ya anga, yaani ikweta ya Dunia ikirefushwa hadi angani. Alexandria iko latitudo digrii 31, kwa hiyo bapa la pete linainuka digrii 59 kutoka ardhini, upande wa juu ukielekea kusini. Jua likiwa kaskazini ya ikweta huangaza uso wa kaskazini wa pete, likiwa kusini huangaza uso wa kusini. Likifika ikweta, kivuli cha upande wa juu huangukia ndani ya upande wa chini. Kwa kuwa Jua si nukta bali lina upana wa nusu digrii, kivuli huwa chembamba kuliko pete, na mstari mwembamba wa nuru hubaki juu na chini yake. Mistari hiyo miwili ikilingana, ndiyo saa yenyewe.

Uzuri wa chombo hiki ni kwamba hauhitaji kusubiri adhuhuri, kinajibu saa yoyote ya mchana. Ubaya ni kwamba kikiinama kwa dakika 6 tu, umepoteza robo siku, na shaba iliyofungwa kwenye msingi wa mawe hulegea miaka ikienda.

Ptolemy mwenyewe analalamika. Anasema zile pete za shaba za palaestra (uwanja wa mazoezi ya mieleka) ya Alexandria, hasa ile kubwa na kongwe zaidi, wakati mwingine zilionyesha ikwinoksi mara mbili siku moja. Analaumu kuhama kwa msingi.

Bint_Zohali:

Hapo kwenye mara mbili siku moja, FundiPete, msingi unasingiziwa. Mkosaji mkubwa ni hewa.

Jua likiwa kwenye upeo wa macho, hewa hupinda nuru yake na kuliinua kwa takriban dakika 34 za tao. Linainuliwa wima, lakini Alexandria ikweta ya anga haisimami wima, imelala kuelekea kusini. Kwa hiyo sehemu ya ule mwinuko inalisukuma Jua kaskazini ya ikweta: 34 × sini ya 31, yaani dakika 17½. Kwa mwendo wa dakika moja kwa saa, hayo ni makosa ya saa 17!

Sasa fuata asubuhi moja ya Machi. Tuseme Jua kweli bado liko dakika 6 kusini ya ikweta. Linapochomoza, hewa inalionyesha dakika 11 kaskazini. Pete inasema ikwinoksi imekwishapita. Likipanda digrii 10, mpindo umeshuka hadi dakika 5 hivi, na sehemu yake ya kaskazini ni nusu ya hizo. Jua linaonekana limerudi kusini. Hapo pete imevuka mara ya kwanza, kinyumenyume. Kuelekea adhuhuri Jua linafika ikweta kweli, pete inavuka mara ya pili. Shaba haijasogea hata unywele.

Kuna kumbukumbu inayooana na hili. Ikwinoksi ya tarehe 24 Machi 146 KK, Hipparchus aliiandika kuwa ni alfajiri, na papo hapo akataja kwamba pete ya Alexandria iliangazwa sawasawa pande zote mbili yapata saa tano ya mchana. Tofauti ya saa tano hivi kwa tukio moja la angani. Hakuificha.

Mzawa_wa_Pwani:

Wakuu, je, mtu akifunga pete hiyo Dar es Salaam inafanya kazi? Au hii falaki ni ya watu wa kaskazini tu?

FundiPete:

Inafanya kazi, tena vizuri kuliko Alexandria. Dar iko digrii 6.8 kusini, kwa hiyo pete inasimama karibu wima: iinamishe upande wa juu kuelekea kaskazini kwa digrii 6.8 na uielekeze mashariki-magharibi ya kweli, si ya dira. Mashariki ya kweli ipate kwa kijiti: chora duara kukizunguka, weka alama pale ncha ya kivuli inapoingia ndani ya duara asubuhi na inapotoka jioni, unganisha alama mbili. Kijiti kisimame wima kwa timazi. Kikipinda, mstari wote unapinda.

Faida ni ile hesabu ya Bint_Zohali. Dar Jua hupanda karibu wima, kwa hiyo mpindo wa hewa huliinua karibu sambamba na ikweta ya anga. 34 × sini ya 6.8 ni dakika 4 tu, na kwa kuwa uko kusini, zinasukuma kusini badala ya kaskazini. Kosa la kuchomoza ni saa 4 badala ya 17. Ukipima kati ya saa tatu asubuhi na saa tisa alasiri, halipo la kuhesabika.

Kijiti tupu nacho kinatosha kwa kuangalia tu. Siku ya ikwinoksi ncha ya kivuli hutembea kwa mstari ulionyooka kutoka magharibi kwenda mashariki, kutwa nzima. Siku nyingine hupinda. Kwa kijiti cha mita moja, adhuhuri ya ikwinoksi Dar kivuli ni sentimita 12 upande wa kusini. Kingo za kivuli zitakuwa na ukungu wa milimita 9 hivi, chukua katikati ya ukungu. Ukichukua mwisho wa kivuli cheusi umeshajipa kosa la robo digrii.

Kaka_Buruji:

Yote sawa, lakini mbona walikuwa na Aristarchus wa Samos miaka zaidi ya mia kabla ya Hipparchus, aliyesema Dunia ndiyo inayozunguka Jua? Hipparchus aliamua kurudi nyuma?

Mpimakivuli:

Kwa hesabu ya Jua hakuna kurudi nyuma. Uweke Jua katikati au Dunia, zile hatua tano zinabaki kama zilivyo, na 1/24 inabaki 1/24. Hata duara dogo linalobebwa na duara kubwa, ambalo watu hulicheka, linatoa jibu lile lile kwa Jua: duara dogo liwe na nusu kipenyo 1/24 ya kubwa, na lizunguke kinyume kwa kasi ile ile. Usawa huo ulishajulikana tangu Apollonius wa Perga.

Kilichomkwamisha Aristarchus kilikuwa nyota. Dunia ikihama kutoka upande mmoja wa Jua hadi mwingine, nyota za karibu lazima zionekane zikisogea mbele ya zile za mbali. Hazikusogea. Archimedes ametuachia jibu la Aristarchus: nyota ziko mbali mno. Ndivyo ilivyo. Nyota iliyo jirani yetu zaidi ina paralaksi (huko kusogea) ya chini ya sekunde moja ya tao, na jicho tupu huishia dakika moja hivi, mara 60 zaidi. Friedrich Bessel ndiye aliyepima paralaksi ya kwanza ya kuaminika, mwaka 1838, kwa chombo cha lenzi. Ukisimama Rhodes bila lenzi, kuchagua Dunia iliyotulia si ujinga.

Zamuyangu:

Nimesoma mahali kwamba Ptolemy alipika data. Kweli au maneno ya mitandaoni?

Bint_Zohali:

Angalia mwenyewe. Anasema alipima ikwinoksi ya 26 Septemba 139 BK saa moja baada ya Jua kuchomoza, ikwinoksi ya 22 Machi 140 saa moja baada ya adhuhuri, na solstisi ya 25 Juni 140 saa mbili baada ya usiku wa manane. Hesabu siku: kutoka Machi hadi Juni ni 94½ na kisehemu, kutoka Septemba hadi Machi ni 178¼ juu ya alama, yaani 88⅛ na 90⅛. Namba za Hipparchus zimerudi zilivyo, miaka 285 baadaye, na apojia pale pale 65½.

Tatizo ni kwamba ikwinoksi zake zote zimechelewa zaidi ya siku moja. Mwaka wa Hipparchus ni siku 365, saa 5, dakika 55 na sekunde 12, wakati wa kweli ni dakika 6 pungufu. Zidisha dakika 6 na ushei kwa miaka 285, unapata saa 29 au 30. Ndilo kosa lenyewe la Ptolemy. Pete mbovu ingekosea ovyo, huku na huko. Kukosea kwa kiasi kile kile ambacho hesabu ya mtangulizi wake ingekosea kunanuka. Mmarekani Robert Newton alimshitaki kwa maandishi mwaka 1977, wengine wakamtetea kwamba alichagua vipimo vilivyooana na hesabu akaviacha vingine. Kwa upande wa Jua, mimi naona kesi ni nzito.

Na athari yake ilikuwa kubwa. Apojia husogea, na enzi za Ptolemy ilikuwa imeshafika digrii 71. Kwa kuwa yeye aliitangaza imeganda, ilibidi angojwe mwanafalaki al-Battani kule Raqqa, karne ya 9, aliyeikuta digrii 82 na kitu. Leo iko karibu 103, imeshavuka solstisi ya Juni, ndiyo maana siku hizi kaskazini kiangazi ndicho kirefu kuliko machipuko: siku 93.6 kwa 92.8.

Kaka_Buruji:

Na 1/24 yenyewe? Ilikuwa sahihi kwa enzi ile?

Mpimakivuli:

Hapana, ilizidi. Kwa duara la mwendo mmoja namba sahihi ingekuwa karibu 1/28 au 1/29. Kwa 1/24 Jua hutofautiana na mwendo wa wastani hadi digrii 2 na dakika 23, wakati kweli ni digrii 2 kavu. Dakika 23 za ziada zinaonekana ndogo mpaka uanze kutabiri kupatwa kwa Mwezi. Mwezi hulikimbia Jua kwa nusu digrii kwa saa, kwa hiyo kosa hilo peke yake linaweza kukuchelewesha au kukuwahisha dakika 45. Mtabiri anatoka nje, Mwezi umeshamezwa.

Kuna kasoro nyingine ambayo hesabu hii haiwezi kujitetea nayo. Kama Dunia imetoka katikati kwa 1/24, umbali wa Jua hubadilika kwa zaidi ya asilimia 8 kati ya karibu na mbali, na upana wake angani vivyo hivyo. Kweli hubadilika kwa asilimia 3 na kidogo. Ptolemy hata hakuufuata mfano wake mwenyewe: anasema upana wa Jua haubadiliki kwa kiasi cha kuonekana, ni dakika 31 na sekunde 20 mwaka mzima, sawa na Mwezi ukiwa mbali kabisa. Kwa namba hizo kupatwa kwa Jua kwa pete, pale ukingo wa Jua unapobaki unang'aa kuuzunguka Mwezi, hakuwezekani. Na hutokea.

Sababu ni kwamba nusu ya ule mwendo usio sawa hutokana na umbali, na nusu nyingine ni kasi inayobadilika kweli. Hipparchus aliibebesha yote kwenye umbali. Kwa sayari nyingine Ptolemy aliigawa, akaweka nukta ya pili ambayo mwendo hupimwa kutoka kwayo, lakini Jua akaliacha vile vile. Aliyekuja kuligawia nalo ni Kepler.

Mzawa_wa_Pwani:

Mkuu, hiyo nukta ya pili ya sayari ifungulie uzi wake, hasa Mirihi. Huku tutajaa.

Mpimakivuli:

Mirihi inahitaji vipimo vitatu vya siku ambazo iko mkabala na Jua, na hesabu yake hairudi kwa hatua tano. Ni kukadiria, kusahihisha, kukadiria tena. Ptolemy alitumia za miaka 130, 135 na 139 BK. Nitaufungua, njooni na karatasi.